Ugonjwa wa Matumbo ya Watoto Njiti

Tarehe 17 Novemba ya kila mwaka ni Siku ya Mtoto Njiti Duniani. Siku hiyo sisi wa Kidato cha Nne huwa tumo katika mtihani wa taifa, wala hapana anayekumbuka jambo jingine ila karatasi iliyo mbele yake. Kwa sababu hiyo nimemwomba Bwana Mhariri anipe nafasi katika gazeti la muhula huu, ili niwaeleze wenzangu, na walimu wetu, na wazazi watakaolisoma, habari za ugonjwa mmoja ambao haumo katika vitabu vyetu vya Bayolojia, ingawa vyote vya kuufahamia vimo: utumbo, damu, bakteria na maziwa.

Mtoto njiti ni mtoto aliyezaliwa kabla ya kutimia majuma 37 tumboni mwa mama yake. Mwaka 2020 walizaliwa watoto wa namna hiyo wapatao milioni 13.4 duniani, yaani kama mmoja katika kila kumi. Wengi wao huzaliwa katika juma la 34, la 35 au la 36, nao hawana taabu kubwa sana. Ninaowakusudia mimi hasa ni wale wadogo kabisa, wasiotimiza gramu 1,500. Asiyepata kumwona mtoto wa namna hii na ashike mfuko wa sukari wa kilo moja. Uzito wake ndio huo, au wazidi kidogo.

Ugonjwa wenyewe kwa lugha ya madaktari huitwa nekrotaizingi enterokolaitisi. Jina ni refu lakini si gumu likikatwa vipande. Limetokana na Kiyunani. Nekros ni maiti, enteron ni utumbo, kolon ni utumbo mpana, na kiishio chake madaktari hukitumia kwa kiungo kilichovimba kikawa chekundu na chenye maumivu. Basi maana yake ni kuvimba kwa utumbo hata sehemu zake zikafa ungali ndani ya mtoto aliye hai. Madaktari kwa haraka husema NEC. Herufi hizo tatu sisi Watanzania tumezizoea katika habari za siasa na za uchaguzi, lakini katika wodi ya watoto wachanga hakuna azisikiaye akacheka.

Jambo la kwanza lililonishangaza katika ugonjwa huu ni wakati wake. Humjia mtoto aliyekwisha kuokoka. Siku za kwanza za njiti adui yake ni pumzi, na hapo zamani wengi hawakuvuka siku hizo. Tarehe 7 Agosti 1963 alizaliwa Patrick, mwana wa Rais John Kennedy wa Marekani, majuma matano na nusu kabla ya wakati wake, mwenye uzito wa kilo 2.1 hivi. Alikuwa na kila msaada ambao nchi tajiri iliweza kuutoa, akafa baada ya saa 39, kwa kuwa mapafu yake hayakuwa yamekomaa. Baadaye ufundi ulisonga mbele. Zilipatikana mashine ndogo za kupumulia. Na mwaka 1980 Tetsuro Fujiwara na wenzake wa Japani walitoa habari za dawa ya kutiwa katika mapafu ya njiti ili yasibane. Watoto wadogo zaidi na zaidi wakawa wanavuka siku zile za kwanza.

Hapo ndipo ugonjwa wa utumbo ulipoanza kuonekana wazi. Madaktari wa Austria, Schmid na Quaiser, walikuwa wamekwisha kuuandika na kuupa jina karibu na hili mwaka 1953. Na mwaka 1964 na 1965 madaktari wa New York wakaueleza kwa urefu. Haukuwa mpya kabisa, bali wagonjwa wake ndio waliokuwa hawaishi muda wa kutosha kuupata. Kwa kawaida huanza katika juma la pili au la tatu, na kadiri mtoto alivyozaliwa mapema zaidi ndivyo unavyokawia kuja. Kwa hiyo huja wakati mama amekwisha kuanza kutabasamu, jamaa wamekwisha kutaja jina la mtoto, na watu wa nyumbani wameanza kuuliza, "Mtatoka lini?"

Mwaka 2011 wataalamu waliandika kwamba Marekani na Kanada, katika kila watoto 100 waliozaliwa na gramu 500 hata 1,500, kama 7 hupatwa na ugonjwa huu. Na katika kila 100 wanaopatwa, hufa 20 hata 30, na hasa wale ambao hapana budi wapasuliwe. Kwetu hesabu ni ngumu zaidi, maana ugonjwa huu huthibitishwa kwa eksirei, na pasipo eksirei mtoto huandikwa kwamba amekufa kwa sumu ya vijidudu katika damu, au kwa unjiti tu.

Sasa na tuutazame utumbo wenyewe. Katika miezi mitatu ya mwisho ya mimba utumbo mwembamba wa mtoto hurefuka karibu mara mbili. Aliyezaliwa mapema huwa amekatiza kazi hiyo katikati. Ngozi ya ndani ya utumbo, hata kwa mtu mzima, ni safu moja tu ya chembe. Kinachoilinda ni ute ulio juu yake, na askari wa damu walio chini yake, na mwendo wa utumbo wa kusukuma chakula mbele kisilale mahali pamoja. Njiti ana ute haba, askari wake hawajafundishwa, na mwendo wa utumbo wake ni wa kusitasita. Maziwa aliyoyanywa asubuhi huenda yakawa bado yamelala mahali pale pale jioni.

Tena ndani ya tumbo la uzazi utumbo ule haukuwa umekutana na bakteria. Akizaliwa tu, bakteria huingia. Kwa mtoto aliyetimia, anayenyonya, wa kwanza kuenea huwa mara nyingi ni wale wa amani. Njiti aliye wodini hukutana na wale wa hospitali, waliokwisha kuzoea dawa. Na hapa kuna jambo ambalo watafiti wamelifahamu katika miaka ya karibuni tu. Katika chembe za utumbo mna kipokezi kiitwacho TLR4, ambacho kazi yake ni kutambua bakteria na kupiga kengele. Mtoto akiwa bado tumboni kipokezi hicho ni kingi, kwa kuwa huko kina kazi nyingine ya kusaidia utumbo kukua. Akizaliwa kabla ya wakati, kengele zile zote zingali zimetundikwa. Bakteria wachache wakigusa, zote zinalia pamoja. Utumbo unavimba, mishipa midogo ya damu inajifinya, damu haifiki, na sehemu isiyofikiwa na damu inakufa. Nafananisha na bweni ambalo mtu mmoja kapiga kelele "Moto!" usiku, walioumia wengi waliumizwa na mbio za mlangoni, wala si na moto.

Sehemu ikifa, bakteria hupenya ukutani na kutoa hewa humo humo. Hewa hiyo huonekana katika eksirei kama mapovu madogo yaliyojipanga kando ya utumbo, na ndiyo alama ambayo daktari huitafuta. Ukuta ukitoboka, kinyesi na hewa humwagika ndani ya tumbo, na sumu huenea mwili mzima kwa saa chache. Mwaka 1978 daktari Martin Bell wa Marekani na wenzake waliugawa ugonjwa huu daraja tatu: ya shaka, ya yakini, na ya hatari kuu. Mgawanyo huo, pamoja na marekebisho yaliyofuata, bado hutumika. Ugumu ni kwamba mtoto aweza kupanda kutoka daraja ya kwanza hata ya tatu kati ya asubuhi na magharibi.

Mtu asidhani ya kuwa kuna kijidudu kimoja kiletacho ugonjwa huu, kama kile cha kipindupindu. Kimetafutwa miaka mingi hakikuonekana. Mambo manne hukutana: utumbo mchanga, bakteria wasiofaa, damu isiyofika vizuri, na chakula. Katika hayo manne, lile ambalo mama na watu wa nyumbani wana mkono ndani yake ni chakula. Kwa hiyo nitakaa hapo zaidi.

Mwaka 1990 watafiti wa Uingereza, Alan Lucas na T. J. Cole, walitoa habari za njiti 926 waliofuatwa katika hospitali kadha. Waliopatwa na ugonjwa huu walikuwa 51. Katika wale waliolishwa maziwa ya kopo peke yake, ugonjwa uliothibitishwa ulikuwa mara 6 hata mara 10 zaidi kuliko katika wale waliolishwa maziwa ya binadamu peke yake. Waliochanganyiwa walikuwa katikati. Hesabu hii naomba wasomaji waisome tena, maana sijaona dawa yoyote katika habari hizi iliyofanya kazi kubwa hivyo.

Maziwa ya mama hufanyaje? Kwanza yana kinga iitwayo IgA, ambayo huwashika bakteria wasigandamane na ukuta wa utumbo. Yana protini iitwayo laktoferini, ambayo huwanyima bakteria chuma. Yana vitu vya kukuza chembe na kuituliza ile kengele niliyoitaja. Na yana sukari za namna nyingi ambazo mtoto mwenyewe hawezi kuziyeyusha. Nilipolisoma hili niliona ni upotevu: mama atengeneze sukari ambayo mwanawe hawezi kuila? Kumbe si chakula cha mtoto, ni chakula cha bakteria wa amani, ili waongezeke wawasukume wale wabaya. Maziwa ya ng'ombe yaliyokaushwa na kutiwa koponi hayana kinga hizo zilizotengenezwa kwa ajili ya mtoto wa binadamu, hata yakiwa safi na ya bei kubwa. Na dang'a, yale maziwa ya kwanza mazito ya rangi ya manjano, ndiyo yenye kinga nyingi kupita yote. Kuna nyumba ambamo bado hukamuliwa yakamwagwa kwa kudhaniwa kuwa ni machafu.

Nimeyaona mambo haya kwa karibu kidogo. Katika likizo ya Desemba dada yangu alijifungua katika juma la 30 mtoto wa kiume wa gramu 1,250, nami nikapewa kazi ya kupeleka uji na supu hospitali kila siku. Wanaume hatukuruhusiwa kuingia wodini; nilisimama dirishani, na dada alinieleza yaliyomo. Mtoto alikuwa na mpira mwembamba uliopita puani hata tumboni, na maziwa yalitiwa kwa bomba la sindano, yakashuka yenyewe polepole.

Bibi yetu alikuja kutoka shamba siku ya nne. Alipoona kiasi cha maziwa alichokamua dada, alisikitika sana. Akamwambia mwuguzi, "Mwanangu, mtoto huyu atakufa kwa njaa. Maziwa ya mama yake ni machozi tu. Dukani kuna makopo, nitanunua mimi."

Mwuguzi akamwitikia kwa adabu, "Shikamoo, bibi. Hebu kwanza tufanye hesabu ya tumbo lake."

Hesabu yenyewe niliifanya tena nyumbani kwa kalamu. Siku za mwanzo mtoto wa namna ile aweza kupewa mililita 30 kwa kila kilo ya uzito wake kwa siku nzima. Kwa gramu 1,250 ni mililita 37 na nusu. Ukigawa mara 12, kila baada ya saa mbili, ni mililita 3 na kidogo. Kijiko cha chai huchukua mililita 5. Basi mlo wake haujazi kijiko cha chai, na chupa moja ya soda ya mililita 350 ingemtosha siku tisa kama kiasi kisingeongezwa. Kila siku huongezwa kidogo kidogo, na mengine yanayopungua hupewa kwa dripu. Yale machozi aliyoyaona bibi yalikuwa karamu. Bibi alipoonyeshwa kijiko alinyamaza, kisha akasema, "Kumbe mimi nilikuwa nampimia mjukuu wa miezi sita."

Usiku wa kuamkia siku ya kumi na sita, yapata saa kumi, mwuguzi alivuta bomba kwanza kabla ya kulisha, kama ilivyo desturi, aone kama mlo uliopita umeshuka. Yakatoka maji ya kijani. Tumbo la mtoto lilikuwa limevimba, limekaza, ngozi yake inang'aa. Dada alisema tangu jioni mtoto alikuwa mzito, hajinyooshi, na mara mbili alikuwa amesahau kupumua mpaka akaguswa unyayo. Asubuhi kukaonekana damu kidogo katika choo chake.

Hizo ndizo dalili, nami naziandika tena kwa uwazi kwa ajili ya wazazi: tumbo kuvimba na kukaza, matapishi ya kijani, maziwa kutoshuka, damu katika choo, mtoto kulegea, kusahau kupumua, na mwili kupoteza joto. Dalili mbili za mwisho huja na magonjwa mengi ya wachanga. Lakini tumbo lililovimba na rangi ya kijani haviwezi kungoja asubuhi, wala kupakwa mafuta, wala kupewa maji ya dawa ya mitishamba. Mama ndiye aliye karibu na mtoto usiku. Mwuguzi mmoja aweza kuwa na watoto wengi. Mama akisema, "Tumbo la leo si la jana," hiyo ni habari ya kitaalamu.

Tiba ya kwanza ni kuacha kulisha. Jambo hili huwaumiza sana watu wa nyumbani, kwa kuwa kwetu mgonjwa hubembelezwa ale. Lakini utumbo uliojeruhiwa hautaki kazi. Mpira huachwa wazi ili hewa na maji yatoke, mtoto hupewa dripu, na antibiotiki katika mshipa, na eksirei hupigwa tena na tena kuangalia kama ukuta umetoboka. Ukitoboka, daktari mpasuaji huitwa. Hukata sehemu iliyokufa, na mara nyingi huutoa utumbo kwenye ngozi ya tumbo kwa muda, mpaka utakapoungwa. Mahali pasipo mpasuaji wa watoto, huenda wakatia kwanza mpira mdogo tumboni wa kutolea uchafu, wakitafuta gari la kumpeleka mbele.

Mpwa wangu eksirei yake ilionyesha mapovu, lakini hakutoboka. Alikaa siku kumi bila kulishwa. Siku ya tatu ya hizo mama wa kitanda cha pili alimpoteza mwanawe kwa ugonjwa uo huo, naye hakuwa amelishwa kitu ila maziwa ya mamaye. Kwa hiyo asije mtu akamhukumu mama aliyefiwa kwa kuuliza alimlisha nini. Maziwa ya mama hupunguza hatari, wala hayaifuti.

Katika siku zile kumi dada aliambiwa aendelee kukamua kila baada ya saa tatu, usiku na mchana, ingawa mtoto hali. Hapo nilikuwa sioni faida, nikadhani ni mazoea ya hospitali. Sababu yake ni ya kawaida kabisa: ziwa lisilokamuliwa huacha kutengeneza maziwa. Kama angeacha, siku ya kumi na moja utumbo uliopona nusu ungefunguliwa kwa maziwa ya kopo. Bibi ndiye aliyekuwa akimwamsha. Hakuwa na saa. Alihesabu kwa adhana na kwa jogoo, na zamu nyingine alimwuliza mlinzi. Siku ya kumi na moja mtoto alipewa mililita moja.

Mama mwingine hawezi kukamua. Huenda ni mgonjwa mahututi, au amekufa katika uzazi. Kwa watoto wa namna hiyo kuna benki za maziwa, ambako akina mama wenye maziwa tele na waliopimwa afya hutoa ya ziada. Ya kwanza ilifunguliwa Vienna mwaka 1909. Kenya ilifungua ya kwanza yake mwaka 2019 katika Hospitali ya Uzazi ya Pumwani, Nairobi. Maziwa hupashwa joto la nyuzi 62.5 kwa dakika 30, ambalo huua vijidudu pamoja na virusi vya Ukimwi, na kubakiza sehemu kubwa ya kinga. Kinga nyingine hupotea, lakini utafiti ule wa 1990 uliona kwamba hata maziwa ya namna hii yalikinga.

Kwa sisi wa pwani kuna swali ambalo halifai kufichwa. Katika sheria ya Kiislamu watoto walionyonya kwa mama mmoja ni ndugu wa kunyonya, na hawaoani. Maziwa ya akina mama kumi yakichanganywa katika chupa moja, nani atajua ndugu zake? Mwaka 1985 baraza la wanazuoni wa fiqihi lililokutana Jeddah lilikataa benki hizo zisianzishwe katika nchi za Kiislamu. Mwaka 2004 baraza la Ulaya likaruhusu kwa watoto wenye dharura. Mimi si mwanachuoni. Naona tu kwamba mtoaji mmoja kwa mtoto mmoja, na majina yakaandikwa daftarini, lingekuwa jambo la kuzungumzwa na masheikh na madaktari wakiwa wamekaa meza moja.

Kuna misaada mingine niitaje kwa ufupi. Mama anayeelekea kujifungua mapema akichomwa sindano ya deksamethazoni kwa wakati, mahali palipo na huduma ya kutosha, mapafu ya mtoto hukomaa upesi. Njia hiyo ya kumchoma mama dawa ya namna hii ilionyeshwa na Liggins na Howie wa New Zealand mwaka 1972. Baadaye ikaonekana kwamba na ugonjwa huu wa utumbo hupungua. Kunawa mikono kwa kila agusaye mtoto hakuna haja ya maelezo. Zamani iliaminika pia kwamba kuongeza maziwa polepole sana kunakinga. Utafiti mkubwa wa Uingereza na Ireland uliotolewa mwaka 2019 haukuona tofauti kati ya kuongeza mililita 18 na kuongeza mililita 30 kwa kilo kila siku.

Ubebaji wa kifuani, ngozi kwa ngozi, ulianzia Bogotá, Kolombia, mwaka 1978, ambako daktari Edgar Rey alikuwa na watoto wengi kuliko masanduku ya joto. Akawafunga watoto vifuani mwa mama zao. Mwaka 2021 Shirika la Afya Duniani lilitoa matokeo ya utafiti uliofanywa Ghana, India, Malawi, Nigeria na Tanzania, juu ya watoto 3,211. Waliobebwa tangu saa za kwanza walikufa 12 katika 100. Waliongojea kwanza wapate nguvu ndipo wabebwe walikufa karibu 16. Mtoto aliye kifuani hupata joto, hupata bakteria wa mama yake badala ya wale wa meza, na mama naye maziwa humjia kwa wingi.

Neno la mwisho ni kwa wale ambao mtoto wao amepona na kuruhusiwa. Utumbo uliopona huacha kovu, na kovu hujikunyata. Majuma kadha baadaye, pengine mawili, pengine manane, njia yaweza kuwa nyembamba chakula kisipite. Mtoto ataanza tena kutapika kijani, tumbo litajaa, choo kitakoma. Aliyekatwa sehemu kubwa ya utumbo aweza kuharisha na kukonda, kwa kuwa uliobaki haumtoshi kufyonza chakula. Arudishwe hospitali siku hiyo hiyo, na anayempeleka amwambie daktari mwanzoni kabisa kwamba mtoto huyu alizaliwa njiti na aliwahi kupata NEC. Maana daktari wa zamu huenda asimjue, na katika kadi ya kliniki huenda pameandikwa uzito tu.